Cheki Ikirudi, Kwani Lazima Mtu Alale Seli?



Ijumaa moja mwaka jana, mwendo wa saa kumi na nusu jioni, simu yangu ililia. Alikuwa mamake rafiki yangu, analia, maneno hayashikani. Kijana wake amechukuliwa dukani na askari wawili waliovaa kiraia, mbele ya wateja, pingu mkononi. Nikauliza, kosa gani? Akanijibu, "Mwanangu, wasema cheki imerudi."

Najua wengi wenu mkiona jina la ukurasa huu mnatarajia habari za waliopotea, za msako, za vitambulisho. Hayo tutaendelea nayo. Lakini hili la cheki linatujia ofisini mara kwa mara na hakuna anayelipigia kelele, kwa sababu mwenyewe huona haya. Deni ni aibu kwetu. Mtu yuko radhi aseme alishikwa kwa kupigana kuliko kusema alishikwa kwa deni.

Basi nitaeleza mambo ya kijana huyu kwa ruhusa yake, bila jina.

Ana duka dogo la vigae na mabomba. Alichukua mzigo wa shilingi 420,000 kwa tajiri mmoja mwenye stoo kubwa. Akatoa 120,000 taslimu, akaandika cheki tatu za 100,000 kila moja, zenye tarehe za mbele: mwezi wa kwanza, wa pili, wa tatu. Na si yeye aliyeleta hiyo fikra ya cheki. Tajiri ndiye aliyesema, niachie cheki tu, ziwe kama amana. Ya kwanza ikapita. Mwezi wa pili fundi mkuu aliyekuwa amchukulie vigae vya nyumba nzima akawa hapatikani kwa simu. Kijana akampigia tajiri siku tatu kabla ya tarehe, akamwambia asiipeleke benki, ampe wiki mbili. Tajiri akasema sawa. Kisha akaipeleka. Ikarudi.

Hebu angalia siku waliyochagua kumshika. Ijumaa jioni. Katiba kifungu cha 49 yasema ufikishwe kortini ndani ya saa ishirini na nne, lakini saa hizo zikiisha siku ambayo korti haikai, unangoja siku ya kazi inayofuata. Kwa hivyo ukimshika mtu Ijumaa baada ya alasiri, umempata hadi Jumatatu bila kuvunja sheria hata moja. Wanaojua, wanajua. Siku mbili tatu za seli zinatosha kumfanya mama auze kitu chochote alicho nacho.

Na ndivyo ilivyokuwa. Jumamosi tajiri akaja kituoni. Kukawa na kikao, wakakiita suluhu. Mama akauza bangili zake, zile alizoolewa nazo, akaja na 100,000. Pesa zikapokewa mezani, pakaandikwa nusu ukurasa wa fulskepu, kijana akatiwa sahihi akiwa hajakoga wala hajalala. Nakala hakupewa. Risiti hakupewa. Jumapili akatoka kwa dhamana ya polisi, akaambiwa mambo yamekwisha, nenda kafanye kazi.

Baada ya wiki tatu akaitwa kortini kusomewa mashtaka.

Sasa hapa ndipo maoni yangu yanapoanzia, na nitayasema wazi ili anayetaka kupinga apinge. Mimi naunga mkono kesi za cheki kumalizwa kwa mapatano baina ya anayedai na anayedaiwa. Naunga mkono kabisa. Lakini lile lililofanyika kituoni halikuwa mapatano. Mtu aliye ndani ya seli na mtu aliye nje hawawezi kupatana, kwa sababu mmoja wao anazungumza huku amefungiwa mlango.

Tuangalie sheria yenyewe inasemaje, manake wengi tunaogopa kitu tusichokijua.

Kanuni ya Adhabu ya Kenya ina kifungu cha 316A, cha cheki mbovu. Ni kosa kuandika cheki huku ukijua akaunti haina pesa za kutosha, au ukijua imefungwa, au ukiwa umeshaiambia benki isiilipe. Adhabu yake haizidi faini ya shilingi 50,000 au kifungo cha mwaka mmoja, au vyote viwili. Hapo hapo ndani ya kifungu kuna mstari ambao vijana wengi wa biashara hawajawahi kuusikia: lile kosa la kwanza, la kujua akaunti haina pesa za kutosha, haliihusu cheki yenye tarehe ya mbele. Na inaingia akilini. Nikikuandikia leo cheki ya mwezi ujao, sisemi kwamba pesa ziko sasa hivi. Nasema zitakuwepo. Hiyo ni ahadi.

Ndiyo maana mara nyingine utaona kijana hashtakiwi kwa 316A bali kwa kifungu cha 313, kupata mali kwa udanganyifu, ambacho kifungo chake chafika miaka mitatu. Kijana wetu alisomewa hiki. Lakini hata hapa sheria ina mpaka wake. Kifungu cha 312 chasema udanganyifu ni kusema uongo juu ya jambo lililopita au lililopo. Ahadi ya kesho iliyoshindikana haimo. Majaji wetu wamerudia mara nyingi kwamba mkono wa jinai usitumiwe kukusanyia watu madeni. Lakini jaji yuko mbali sana na chumba cha OCS siku ya Jumamosi.

Na tujiulize, mtu akifungwa mwaka mmoja, tajiri anapata nini? Faini ya 50,000 inaingia kwa serikali. Ni kweli korti ina uwezo wa kuamuru fidia, lakini aliyeko jela hafungui duka, na duka lisilofunguliwa halilipi. Anayedai anapoteza, anayedaiwa anapoteza, na watoto wa anayedaiwa wanafukuzwa shule kwa karo. Sioni aliyefaidika.

Mapatano yana mlango wake halali. Sheria ya Mwenendo wa Mashtaka ya Jinai, kifungu cha 176, inaipa korti uwezo wa kuhimiza watu wapatane katika makosa ya kibinafsi ambayo hayajafika daraja la makosa makubwa wala hayana uzito wa ziada, kwa fidia au masharti mengine ambayo korti imeyakubali, kisha kesi ikasimamishwa au ikamalizwa. Kosa la 316A na lile la 313 yote mawili sheria imeyaweka katika daraja la makosa madogo, kwa hivyo yanaweza kuingia hapo. Na Katiba ya 2010, kifungu cha 159, inaiagiza mahakama ikuze njia mbadala za kumaliza migogoro, ukiwemo upatanisho. Mwezi Agosti 2020, wakati wa Jaji Mkuu David Maraga, mahakama ilizindua sera nzima ya mifumo mbadala ya haki. Sisemi jambo la kutunga mimi.

Kuna watu watakumbuka kwamba mwaka 2013 Mahakama Kuu Nairobi ilikubali kesi ya mauaji iondolewe baada ya familia mbili kupatana kwa ngamia na mifugo mingine. Uamuzi ule ulizua mjadala mkubwa, na mimi mwenyewe siupendi, roho ya mtu si cheki. Lakini inashangaza kwamba nchi iliyowahi kufikiria hivyo kwa mauaji, bado kwa vigae vya 100,000 kijana anapigwa pingu mbele ya wateja wake.

Sasa, ukienda kwenye mapatano, jua haya, kwa sababu hapa ndipo watu wanaumia.

Kesi ikishafika kortini si ya tajiri tena. Ni ya Jamhuri. Tajiri akikwambia nimekusamehe, hiyo ni kauli nzuri lakini haitoshi. Hata ofisi ya DPP haiwezi kuiondoa kesi bila ruhusa ya korti, Katiba kifungu cha 157 chasema hivyo. Kwa hivyo lazima mapatano yafike mbele ya hakimu, yaandikwe kwenye faili, na kiongozi wa mashtaka asikizwe.

Pili, uliza kesi inaondolewa kwa kifungu gani. Usione haya kuuliza, au mwambie wakili wako aulize. Ikiondolewa kwa kifungu cha 204, mlalamishi ameomba kuondoa malalamiko na korti imekubali, basi mshtakiwa anaachiliwa kwa maana ya kwamba hana hatia. Imekwisha. Lakini ikiondolewa na kiongozi wa mashtaka kwa kifungu cha 87(a) kabla hujaambiwa ujitetee, unaachiliwa tu, na unaweza kushtakiwa upya kwa jambo lile lile. Nimemuona mtu amefanya sherehe ya kuku na biriani kwa 87(a). Nilishindwa hata kumla yule kuku.

Na maandishi ya mapatano yataje kwamba deni lote limemalizwa, la jinai na la madai. Sheria yetu, kifungu cha 193A, inaruhusu kesi hizi mbili ziende kwa pamoja juu ya jambo moja. Ukimaliza moja bila kutaja nyingine, umefunga dirisha ukauacha mlango.

Turudi kwa kijana wetu. Kortini tulimpata wakili wa kujitolea. Hakimu, Allah amjaze kheri, alisikiza dakika kumi tu akauliza, nyinyi wawili mmewahi kukaa mkazungumza mahali pasipokuwa na askari? Kimya. Akawapa siku kumi na nne. Wakakaa ofisini kwa wakili pamoja na mzee mmoja wa msikitini anayeheshimiwa na pande zote mbili. Hapo ndipo tukagundua jambo. Tajiri alikiri kupokea 60,000 ile Jumamosi. Mama alitoa 100,000. Zile arubaini elfu mpaka leo haijulikani zililala mfuko gani, na fulskepu haionekani.

Wakakubaliana: 60,000 zihesabiwe, zibaki 140,000, zilipwe 20,000 kila mwezi kwa miezi saba, kwa M-Pesa ili kila shilingi iwe na ushahidi. Cheki ya tatu irudishwe. Baada ya awamu ya tatu, mlalamishi aondoe malalamiko kwa 204. Ikaandikwa, ikasomwa kortini, ikawekwa kwenye faili. Ilichukua kikao kimoja cha saa mbili. Saa mbili! Bangili za mama zingekuwa bado mkononi.

Kuna jambo jingine halikurudi. Katika hiyo miezi kijana alikuwa ameitwa kazi ya hoteli Ghuba, na kila kitu kilikuwa tayari isipokuwa cheti cha tabia njema, ile gudi kondakti tunayoijua wote. Kwa kuwa alichukuliwa alama za vidole alipofunguliwa mashtaka, cheti kilitoka na kesi ndani yake. Mwajiri hakungoja maelezo. Nafasi ikaenda kwa mwingine. Hukumu hana, hatia hana, kazi hana.

Tukitaja Ghuba, tusimame hapo kidogo. Wazee wetu wanaonunua mali Dubai watawaambia cheki kule ilikuwa kitu cha kuogopwa kuliko sisi: ikirudi, jela. Lakini kuanzia tarehe 2 Januari 2022 Imarati walibadilisha sheria. Kukosa pesa kwenye akaunti peke yake si jinai tena. Benki inatakiwa ilipe kiasi kilichopo hata kama si chote, na mwenye cheki anaenda moja kwa moja kwa jaji wa utekelezaji adai kilichobaki, bila kuanza kesi ndefu. Jinai imebaki kwa mwenye nia mbaya: anayefunga akaunti, anayetoa pesa makusudi cheki isilipwe, anayeghushi. Biashara ya Dubai haijafa kwa sababu hiyo. India nao bado wanaihesabu cheki iliyorudi kuwa kosa, lakini kwanza lazima umpe mwenzako ilani ya maandishi na siku kumi na tano za kulipa, na sheria yao inaruhusu waziwazi kosa hilo kumalizwa kwa mapatano. Mwaka 2010 Mahakama ya Juu ya India iliweka na utaratibu: ukipatana mapema huongezwi gharama, ukichelewesha mpaka rufaa unatozwa asilimia ya cheki. Yaani mfumo wenyewe unakusukuma upatane mapema. Kwetu kifungu cha 316A hakitaji ilani wala siku za kungoja.

Sasa nageukia upande wa pili, kwa sababu nikiishia hapa nitakuwa nimedanganya.

Kuna mama mtaani kwetu anapika. Pilau lake mnalijua wengi bila kujua mpishi. Alilisha semina ya siku nne ya shirika moja, akapewa cheki ya 86,000. Cheki ikarudi. Akaenda kituoni na karatasi ya benki mkononi. Wakamwambia, mama, hiyo ni mambo ya madai, tafuta wakili. Kituo kimoja, kosa moja. Anayedai akiwa mkubwa, ni jinai na pingu zipo. Anayedai akiwa mpika pilau, ni madai na hakuna hata namba ya OB. Hilo ndilo linalonifanya niseme jambo hili ni la haki za binadamu, si la biashara peke yake.

Kwa mama huyu neno suluhu lilikuwa matusi. Alipigiwa simu akaambiwa achukue 30,000 wayamalize. Huko ni kumpiga mtu bei akiwa na njaa. Nilimshauri aende Mahakama ya Madai Madogo, ambayo kwa sheria ya 2016 ilivyorekebishwa inasikiza madai mpaka shilingi milioni moja na inatakiwa kumaliza kesi ndani ya siku sitini. Huhitaji wakili. Na kwa kuwa tangu Oktoba 2009 cheki ya zaidi ya milioni moja haipitishwi katika mfumo wa kubadilishana cheki baina ya benki, karibu cheki yoyote utakayoshika yaweza kuingia pale. Alipopeleka karatasi, lile shirika likalipa zote 86,000 kabla ya siku ya kusikizwa.

Na wapo matapeli, tusifichane. Kuna mtu anafunga akaunti Jumatatu, Jumanne anakuandikia cheki huku anakuapia wallahi. Huyo simtetei. Huyo 316A iliandikwa kwa ajili yake, na korti isimkubalie mapatano ya haraka, hasa akiwa amewafanyia watu watano kabla yako. Hakimu anaweza kuwatofautisha kwa mambo madogo: alipiga simu kabla ya tarehe au alizima simu? Alilipa sehemu? Akaunti ilikuwa hai?

Wengine mtaniuliza, kwa nini haya yasipelekwe kwa Kadhi? Kwa sababu Katiba kifungu cha 170 imempa Kadhi ndoa, talaka, urithi na mambo ya hali ya mtu. Deni la biashara halimo. Kadhi, shekhe au mzee wa mtaa anaweza kuwa msuluhishi, na mara nyingi ndiye bora, lakini neno lake lazima lipelekwe kortini likaandikwe. Sisi ambao Kitabu chetu kimetuamrisha kuandika deni na kuweka mashahidi, tena katika aya ndefu kuliko zote, ndio tunaopeana mali ya laki nne kwa kuaminiana na cheki isiyo na karatasi ya maelezo. Kijana wetu hakuwa na mstari hata mmoja unaoonyesha kwamba zile cheki zilikuwa amana.

Tunachodai kwa ofisi ya DPP na kwa polisi ni hiki: mtu asishikwe kwa cheki kabla ya kupewa ilani ya maandishi na muda wa kulipa, pesa ya deni isipokewe kituoni kamwe, hata shilingi, na kesi ikimalizwa kwa mapatano, alama za vidole zifutwe bila mtu kuzungushwa ofisi kwa ofisi. Mapatano yafanyike mchana, mtu akiwa huru, mbele ya wakili au msuluhishi, kisha hakimu ayatazame kama ni ya haki.

Kama una cheki iliyorudi, yako au ya mtu unayemdai, njoo ofisini na karatasi zote: cheki, barua ya benki, jumbe za simu, risiti. Usifute meseji. Na ukipigiwa simu na mtu asiyejitambulisha akikwambia uje kituoni peke yako tumalize, usiende peke yako.

Kijana wetu amebakisha awamu mbili. Mwezi uliopita alituma 20,000 asubuhi ya tarehe moja, akanitumia picha ya ule ujumbe wa M-Pesa. Ombi la kusafishwa cheti chake tumelipeleka, bado tunangoja jibu.